Mtetezi wa wagonjwa katika utafiti wa dawa ni nani?

Neno "mtetezi" hutupotosha kidogo. Ukilisikia unamwona mtu aliyeshika bango nje ya hospitali. Kwenye utafiti wa dawa au chanjo, mtetezi wa wagonjwa mara nyingi ni mtu mtulivu mwenye daftari, anayekaa upande wa mshiriki na kuuliza yale ambayo mshiriki anaona haya kuyauliza.

Tuseme ni Ahero, karibu na Kisumu, magharibi mwa Kenya, asubuhi. Mama amempakata mwanawe akisomewa fomu ya ridhaa, ile ya kukubali kushiriki utafiti. Inasema mtoto atatolewa mililita tano za damu. Mama anaitikia kwa kichwa tu. Hapo mtetezi anadakia: "Daktari, mililita tano ni kiasi gani?" Kijiko kimoja cha chai. "Inapelekwa wapi? Ikibaki?" Mama anainua uso, sasa naye ana swali lake.

Swali la damu si dogo huku kwetu. Uvumi kwamba watafiti huuza damu umezunguka Nyanza miaka mingi, na kuucheka hakujawahi kuuzima. Anayeuliza damu yake inakwenda wapi ana haki ya kujibiwa, tena kwa Kijaluo ikiwa ndiyo lugha anayoielewa vizuri.

Wazo la wagonjwa kuwa na sauti katika utafiti lilipata nguvu kubwa mwaka 1983 mjini Denver, Marekani, pale watu waliokuwa wakiishi na UKIMWI walipokataa kuitwa wahanga na kudai viti kwenye meza za maamuzi. Leo miradi mingi ya utafiti ina bodi ya ushauri ya jamii: wazee, akina mama, vijana, viongozi wa dini, watu wanaoishi na ugonjwa wenyewe. Huipitia fomu kabla haijamfikia mtu yeyote, na hurudisha malalamiko ya kijijini kwa watafiti.

Usimchanganye mtetezi na mhamasishaji. Mhamasishaji huleta watu wajiunge. Kwangu mimi, mtu anayepimwa kwa idadi ya watu aliowaleta hawezi kuwa mtetezi, hata avae fulana iliyoandikwa hivyo. Mtetezi wa kweli anaweza kumwambia mtu, "Nenda kwanza ukazungumze na watu wa nyumbani," na akirudi na jibu la hapana, basi ni hapana, na matibabu yake ya kawaida yanaendelea vilevile. Hata aliyekwisha kujiunga anaweza kutoka wakati wowote.

Kuna swali jingine ambalo watafiti wengi hulijibu kwa haraka mno: utafiti ukiisha, sisi tunabaki na nini? Kisumu ina mfano wake. Utafiti wa tohara na maambukizi ya VVU ulioanza mwaka 2002 uliandikisha vijana 2,784. Desemba 2006 ulisimamishwa mapema kwa kuwa ilikuwa wazi kwamba tohara inapunguza hatari, na wale waliokuwa kwenye kundi lisilotahiriwa wakapewa nafasi ya kutahiriwa. Chanjo ya malaria ya RTS,S ilichukua muda mrefu zaidi. Watoto wa Siaya na Kombewa walikuwa kwenye majaribio makubwa yaliyoanza mwaka 2009, lakini chanjo ilianza kutolewa kwenye kliniki za Kenya Septemba 2019, Homa Bay. Katika miaka yote hiyo ya kati, mzazi anayeuliza "yale majibu yako wapi?" anahitaji mtu wa kumjibu, na ni kazi ya mtetezi kuhakikisha watafiti wanarudi barazani kuyasema, hata kama dawa ilishindwa.

Ukialikwa kwenye utafiti, itazame fomu mwishoni. Inapaswa kuwa na namba ya simu ya mtafiti mkuu na nyingine ya kamati ya maadili, inayolinda haki za washiriki na ambayo haiko chini ya mtafiti huyo. Ukiona moja tu, uliza ya pili kabla ya kutia sahihi. Kisha dai nakala yako, uiweke pamoja na kijitabu cha kliniki cha mtoto.