Wacheki na starehe zao: si bia peke yake

"Mcheki akipata nafasi, ni baa tu." Nusu ya maneno haya ni kweli. Kwa miaka mingi Wacheki, watu wa Jamhuri ya Cheki huko Ulaya, wameongoza duniani kwa wastani wa bia anayokunywa mtu mmoja, na bia ya rangi ya dhahabu iliyoenea kila nchi ilianzia mji wao wa Plzeň mwaka 1842. Ila baa ya mtaani kwao ni kijiwe. Mhudumu anaweka kikaratasi mezani, kila glasi anachora mstari mmoja, na hesabu inapigwa mwisho. Katikati ni soga za saa nzima.

Wanaodhani starehe inaishia hapo hawajauona msitu. Chama cha watembea kwa miguu kilianzishwa 1888, na leo njia zilizowekwa alama zinazidi kilomita 40,000. Alama ni mstari wa rangi kati ya mistari miwili myeupe, nao huchorwa na watu wa kujitolea. Kazi hiyo nawavulia kofia.

Wengine hudhani kuchuma uyoga kwenye msitu wa mtu ni wizi. Sheria ya misitu ya 1995 inamruhusu yeyote kuchuma uyoga na matunda pori kwa matumizi yake, hata msitu ukiwa wa mtu binafsi. Kinachofichwa ni mahali uyoga unapoota. Hapo hata jirani haambiwi.

Dhana inayoniudhi zaidi ni kwamba halaiki zao ni urithi wa ukomunisti. Sokol, chama cha mazoezi ya viungo, kiliundwa Praha mwaka 1862 na Miroslav Tyrš na Jindřich Fügner, nchi ikiwa chini ya Austria. Wanazi walikipiga marufuku 1941. Wakomunisti nao walikizima, kisha kuanzia 1955 wakaandaa halaiki zao katika uwanja wa Strahov, uliojengwa kwa ajili ya Sokol. Chama kilifufuka 1990, na 2024 maelfu walikusanyika tena Praha.

Na vijana je, wameacha ya kale? Wengi wa miaka 16 hivi bado wanajiandikisha mafunzo ya dansi, wavulana kwa suti, wasichana kwa magauni. Majira ya baridi ni msimu wa dansi za ukumbini: wazima moto wana yao, wawindaji wana yao, na kwa wawindaji zawadi ya bahati nasibu mara nyingi ni nyama ya porini.