Deiwaka, saa yako inahesabiwa

Hapa Tanga, kwa deiwaka (vibarua wa kutwa), kuanzia wa mashamba ya mkonge hadi wapakiaji mizigo, nasikia neno lilelile: "Nimefanya kazi miaka minane, haki yangu haiozi, nitadai wakati wowote." Si kweli, na linaniuma kwa sababu wanaolisema mara nyingi wana madai mazito.

Kuitwa kibarua hakukunyimi haki. Sheria ya Taasisi za Kazi ya 2004 inamdhania mtu kuwa mwajiriwa ikiwa, kwa mfano, amemfanyia mtu mmoja kazi kwa wastani wa saa 45 kwa mwezi katika miezi 3 iliyopita. Saa 45! Deiwaka wengi huzimaliza ndani ya wiki moja.

Kinachowaangusha ni muda. Kanuni za 2007 zinatoa siku 30 kupeleka mgogoro wa kuachishwa kazi Tume ya Usuluhishi na Uamuzi, na siku 60 kwa migogoro mingine. Siku hizo hazisimami eti kwa kuwa msimamizi amekwambia "subiri, bosi yuko Dar". Ukichelewa, unaomba kwanza kuongezewa muda, ukieleza sababu ya msingi ya kuchelewa. Ombi likikataliwa, ile miaka minane haisikilizwi kabisa.

Kwa hiyo, siku jina lako linaporukwa getini, andika tarehe. Tunza kile kidaftari cha mahudhurio, hata kama kimelowa jasho, pamoja na ujumbe wa malipo ya simu.