Njia ya sauti: maana yake kwa anayerusha gemu laivu

Mpwa wangu anaishi Arua, hapa Uganda, na kila Jumamosi jioni hurusha laivu mechi za soka anazocheza kwenye kompyuta na vijana wenzake wawili, mmoja wa Mwanza, mwingine wa Mombasa. Kiswahili ndicho kinachowakutanisha. Siku moja alinipigia simu: "Mjomba, habari ya huko? Maiki yangu imekufa. Naomba uniongezee hela kidogo ninunue nyingine." Nikamuuliza amejuaje kwamba imekufa. Akasema watazamaji wanamwandikia kila mara, "Unaongea na nani?"

Nikamwambia asinunue kitu. Kama watu wanamsikia akiuliza na akijibu, maiki ni nzima kabisa. Wasichosikia ni sauti za wale wenzake wawili, na sauti hizo hazipiti kwenye maiki yake hata kidogo. Zina njia yake nyingine, na njia hiyo ndiyo iliyokatika.

Njia ya sauti ni safari yote ambayo sauti husafiri tangu inapotoka mpaka inapofika kwenye sikio la msikilizaji: kinywa, maiki, kompyuta, programu, intaneti, kompyuta ya mwenzako, hedifoni zake. Mtu anayecheza peke yake chumbani ana njia moja tu ya kuhangaikia, ile itokayo kwenye gemu hadi masikioni mwake. Akifungua gumzo la sauti, njia zinaongezeka. Akianza kurusha laivu, zinazidi tena, kwa sababu sasa kuna sauti tatu (yake, ya wenzake na ya gemu) na kuna wasikilizaji wa aina tatu: yeye mwenyewe, wachezaji wenzake, na watazamaji. Kwa hiyo tatizo likitokea, swali la kwanza ni hili: nani hamsikii nani? Usiguse mpangilio wowote kabla hujalijibu, maana jibu lake peke yake linakupunguzia nusu ya kazi.

Tuchukue sauti yako mwenyewe. Inaingia kwenye maiki, inafika kwenye mfumo wa kompyuta, halafu inagawanyika. Tawi moja linakwenda kwenye programu ya gumzo, tuseme Discord, na kutoka hapo kwa wenzako. Tawi la pili linakwenda kwenye programu ya kurushia, tuseme OBS Studio, na kutoka hapo kwa watazamaji. Wenzako wakikusikia na watazamaji wasikusikie, maiki haina kosa. Kagua OBS kama imechagua maiki hiyohiyo au imebaki na ile ndogo iliyomo ndani ya kompyuta. Ikiwa hakuna anayekusikia kabisa, rudi nyuma kabla ya njia panda: huenda kitufe cha kuzima maiki kilichopo kwenye waya wa hedifoni kimebonyezwa, au Windows imezinyima programu ruhusa ya kutumia maiki. Ruhusa hiyo iko kwenye mipangilio ya faragha.

Sauti za wenzako ndizo zinazosumbua zaidi. Zinakuja kwa intaneti, zinafunguliwa na Discord, kisha zinapelekwa kwenye kifaa cha kutolea sauti. OBS haizijui mpaka uielekeze pa kuzisikiliza. Ile chaneli yake iliyoandikwa Desktop Audio husikiliza kifaa kimoja tu, basi. Na hedifoni za mpwa wangu, za USB, ni za ile aina inayojitambulisha kwenye Windows kama vifaa viwili: kimoja cha gemu, kimoja cha maongezi. Yeye alisikia vyote pamoja kwa sababu vyote vinaishia kwenye masikio yaleyale. OBS ilikuwa inasikiliza kile cha gemu peke yake. Tuliongeza chaneli ya pili inayosikiliza kile cha maongezi, na kijiti cha kijani cha kupimia sauti kwenye OBS kikaanza kurukaruka kila mara kijana wa Mwanza alipofungua mdomo. Kazi haikufika dakika tano, na hela ikabaki mfukoni.

Kuna namna nyingine, nayo naiona bora kwa mwenye Windows ya karibuni. Tangu toleo la 28 la mwaka 2022, OBS inaweza kuchukua sauti ya programu moja moja: gemu kwenye chaneli yake, Discord kwenye yake, na hata muziki kwenye yake. Hapo unaweza kupunguza sauti ya rafiki anayepiga kelele bila kugusa gemu. Lakini ukiitumia, zima ile Desktop Audio. Ukiziacha zote mbili, sauti ya rafiki itawafikia watazamaji mara mbili kwa njia mbili zinazopishana kidogo sana, na itasikika kama mtu anayeongea ndani ya bomba.

Kurudia huko kusichanganywe na mwangwi wenyewe. Mwangwi ni pale unaposema "nipasie" na nusu sekunde baadaye unajisikia mwenyewe ukisema "nipasie". Watu wengi hukimbilia kubadilisha mipangilio yao, nao wanahangaika bure. Ukisikia sauti yako ikirudi, kosa karibu kila mara liko kwa mwenzako: anasikiliza kwa spika, sauti yako inatoka kwenye spika yake, inaingia kwenye maiki yake, inarudi kwako. Tiba iko mikononi mwake, avae hedifoni. Kama ni watatu au wanne na hamjui ni nani, kila mmoja azime maiki kwa zamu. Mwangwi ukikatika, mmempata. Mwambieni kwa upole, maana yeye mwenyewe hausikii na atashangaa kulaumiwa.

Sasa hedifoni za Bluetooth, ambazo naona vijana wengi wa Kampala wanazinunua kwa sababu hazina waya. Zinapopiga muziki tu, zinapokea sauti nzuri, ya pande mbili, kushoto na kulia. Ukifungua maiki yake, mambo yanabadilika hapohapo. Bluetooth ya kawaida haiwezi kubeba muziki wa kiwango hicho na maiki kwa wakati mmoja, kwa hiyo inahamia kwenye mtindo wa simu: sauti ya upande mmoja, inayopimwa mara 8,000 au 16,000 kwa sekunde, wakati gemu na OBS kwa kawaida zinafanya kazi kwa 48,000. Kipimo cha 8,000 hakiwezi kubeba mlio wowote uliozidi hezi 4,000, yaani mitetemo 4,000 kwa sekunde, na sehemu kubwa ya mvumo wa herufi "s" iko juu ya hapo. Ndiyo maana "simba" inasikika kama "fimba", na gemu lililokuwa linanguruma linageuka redio ya zamani. Ukiunguza pesa kwenye hedifoni ghali zaidi za mtindo huohuo, matokeo yatakuwa yaleyale. Dawa ni kusikilizia kwa Bluetooth ukitaka, ila maiki uchague nyingine: ile ya kompyuta, au ya waya. Earphone za waya za kawaida zenye maiki zitakupa sauti safi kuliko hizo za bei kubwa, mradi kompyuta yako ina tundu linalopokea maiki na hedifoni kwa pamoja.

Lingine linalowatia watu wasiwasi: gemu linanyamaza lenyewe kila mara mtu anapoanza kuongea. Hiyo ni tabia ya Windows. Ikihisi kuna maongezi, inapunguza sauti nyingine kwa asilimia 80 kama haijaambiwa vinginevyo. Nenda kwenye paneli ya sauti, sehemu ya mawasiliano, uchague isifanye chochote. Discord nayo ina mpangilio wake unaofanana na huo, uukague pia.

Mpaka hapa njia zote tulizozigusa ziko ndani ya kompyuta. Nje yake kuna intaneti, na kwetu Uganda hilo ni jambo zito. Nchi haina pwani. Intaneti yetu inafika kwa nyaya za nchi kavu kupitia Kenya na Tanzania, kutoka kwenye nyaya za baharini zinazotua Mombasa na Dar es Salaam. Mwezi Mei 2024 nyaya mbili za baharini, EASSy na Seacom, zilipokatika, tuliumia pamoja na majirani zetu. Siku kama hiyo hakuna mpangilio utakaokuokoa.

Siku za kawaida, hata hivyo, sauti inayokatakata na kulia kama roboti ina sababu iliyo karibu zaidi. Programu ya gumzo huikata sauti vipande vidogo, kwa kawaida vya milisekunde 20, yaani vipande 50 kila sekunde, na kuvituma kimoja kimoja. Kipande kikichelewa hakingojwi, maana neno lililochelewa halina faida tena kwenye mechi. Programu inaziba pengo kwa kukisia. Mapengo yakizidi ndipo unaposikia ule mlio wa chuma. Na nani anayevichelewesha vipande hivyo? Mara nyingi ni video yako mwenyewe. Sauti ya Discord inatumia takriban kilobiti 64 kwa sekunde. Kwa saa nzima ya kuongea bila kupumzika hiyo ni kama MB 29, bando la mtu yeyote linaimudu. Video ya kurusha kwa kilobiti 4,000 inameza kama MB 1,800 kwa saa hiyohiyo. Zote mbili zinapanda kwa mlango mmoja, ule wa kupakia, ambao kwenye intaneti ya simu ni mwembamba kuliko wa kupakua. Ukipima ukakuta unapakia megabiti 4 kwa sekunde, yaani kilobiti 4,000, na video umeiweka kwenye 4,000, sauti haina pa kupita. Ishushe video hadi 2,500. Picha itafifia kidogo, lakini wenzako watakuelewa, na mimi naamini mtazamaji anavumilia picha hafifu kuliko sauti mbovu.

Saa ya kupima ni ileile utakayorushia. Saa mbili usiku mnara wa simu unahudumia mtaa mzima, na kipimo cha saa nne asubuhi hakitakusaidia. Kompyuta ikiweza kuunganishwa na ruta kwa waya, iunganishe. Ukuta mmoja wa matofali kati yako na ruta unatosha kuyumbisha vile vipande.

Halafu kuna mguno. Ni sauti nzito isiyokoma, "mmmm", chini ya kila unachosema. Umeme wetu unatetemeka mara 50 kwa sekunde, na mtetemo huo ukipenya kwenye waya wa maiki ndio unaosikika. Njia ya kuujua ni rahisi: chomoa chaja, acha kompyuta itumie betri. Mguno ukikoma, umeingia kwa njia ya umeme. Jaribu soketi nyingine, chomeka vifaa vyote kwenye kebo moja ya soketi, na usogeze waya wa maiki mbali na waya wa chaja. Nimeona watu wakikata ule mguu wa tatu wa plagi ili kuuondoa mguno. Tafadhali usifanye hivyo. Mguu ule ni wa ardhi, ndio unaokulinda usipigwe na umeme chaja ikiharibika.

Ukishazijua njia, ziangalie kabla hujarusha. Mimi humwambia mpwa wangu arekodi dakika moja kwenye kompyuta yake bila kwenda laivu, gemu likiwa limefunguliwa na wenzake wakiongea, halafu aisikilize yote. OBS inaweza kurekodi kila sauti kwenye njia yake, hadi sita, kwa hiyo kasoro inaonekana ilipo. Vijiti vyake navyo vinasema: ukiongea kwa sauti yako ya kawaida, cha maiki kifike kwenye rangi ya manjano, kikigonga mwisho wa nyekundu sauti inapasuka, kikibaki chini kwenye kijani husikiki vizuri. Na kwa kuwa sasa sauti za wenzako zinatoka hadharani, waambie mapema kwamba umewasha. Kijana wa Mombasa alikuwa amezoea kusimulia mambo ya nyumbani kwao katikati ya mechi, akijua wanaomsikia ni wawili tu.

Usiamini pia kwamba mpangilio wa Jumamosi iliyopita bado upo. Ukichomeka kifaa kipya cha USB, hata televisheni kwa waya wa HDMI, Windows inaweza kukihamishia sauti yote bila kukuuliza. Mpwa wangu ameandika karatasi ndogo ameibandika chini ya skrini: mimi, wao, gemu. Kabla ya kubonyeza kitufe cha kurusha anaongea neno moja, anawaomba wenzake waongee neno moja, anapiga mpira mmoja, na kila mara anatazama kijiti kipi kimeruka.