Tiba ya jeni ni nini haswa, na mbona watu wanaichanganya na kutengeneza watoto

Kina mama tunaokaa nao benchi moja siku za kliniki ya siko seli, ule ugonjwa wa damu wa kurithi, wamenikamata na hili swali mara nyingi sana, "ni kweli kuna dawa ya kubadilisha damu ya mtoto ikawa nzima?" na kabla sijafungua mdomo mwengine upande wa pili ashadakia, "hiyo ndio ile ya kutengeneza watoto wa macho ya buluu, astaghfirullah, ni kuingilia kazi ya Mungu." Hapo ndipo mazungumzo yanapoharibika, manake hawa wawili wanaongelea vitu viwili tofauti kabisa na wote wanaviita jina moja. Mie si daktari, ni mama mdogo wa mtoto mwenye siko seli, na nimesoma haya mambo usiku baada ya usiku kwa sababu nilitaka kujua kama kuna tumaini ama hakuna. Wacha nieleze vile nilivyoelewa.

Jeni ni maandishi. Kila seli ya mwili ina maandishi yake yanayoiambia itengeneze nini, herufi zake ni nne tu, A, T, G na C, lakini zimejipanga zikafika kama bilioni 3. Sasa chukua leso. Leso ina jina lake pale chini, si ndio? Tuseme jina ni NAKUPA MOYO. Aliyechapa akikosea herufi moja tu, Y ikawa T, leso yako inasema NAKUPA MOTO. Rangi ni ile ile, pindo ni lile lile, lakini maana ishaenda pengine kabisa.

Siko seli ni hivyo hivyo. Kwenye jeni inayotengeneza himoglobini, ile inayobeba oksijeni ndani ya damu, herufi moja A imekuwa T. Basi. Kwa hiyo herufi moja himoglobini inashikana-shikana ikishatoa oksijeni, seli nyekundu inajipinda kama mundu, inakwama kwenye mishipa midogo, damu haipiti, na mtoto analia mpaka sauti inakauka. Mtoto wa dadangu alikuwa na miezi minane siku ya kwanza tulipoiona, vidole vya mikono yote miwili vilivimba vikang'aa, hakuweza kushika hata kijiko, ukimgusa anarusha mkono. Wengine nyumbani walisema ni nyuni, wengine wakasema ameanguka na hatusemi ukweli. Tulizunguka wiki nzima kabla ya mtu mmoja kusema huyu mtoto apimwe damu.

Kuna kitu kimoja nataka mkikumbuke hapo, alikuwa na miezi minane. Hiyo miezi ya mwanzo mbona alikuwa mzima? Kwa sababu mtoto akiwa tumboni anatumia himoglobini ya aina nyingine, tuite ya kitoto, na hiyo haina hilo kosa, halafu akishazaliwa mwili unaizima pole pole na kuwasha ile ya kikubwa. Ndio maana siko seli huanza kujionyesha kwa kawaida baada ya miezi kama sita. Shikeni hiyo, ntairudia.

Tiba ya jeni basi ni kumtibu mgonjwa kwa kugusa hayo maandishi yenyewe, badala ya kumpa panadol ya maumivu na antibayotiki kila siku. Unaweza kumuongezea nakala nzima ya jeni iliyoharibika, na mara nyingi mbebaji ni kirusi kilichotolewa madhara yake kikabaki kama gari la mizigo tu. Ama unaweza kuingia ndani na kukata pale pale panapotakikana. Kifaa cha kukata kinachosikika sana ni CRISPR, wengi wanakitamka krispa, ambacho Jennifer Doudna na Emmanuelle Charpentier walionyesha mwaka 2012 vile kinaweza kuelekezwa kikakate DNA, yaani hayo maandishi yenyewe, mahali mtu anapochagua, na mwaka 2020 wakapewa Nobel ya kemia.

Kwa siko seli dawa ya kwanza ya krispa inaitwa Casgevy, Uingereza waliikubali Novemba 2023 na Marekani Desemba mwaka huo huo. Na hapa ndipo mie nilipokaa kitako nikashangaa, manake hawasahihishi ile herufi! Wanachofanya ni kuvuruga swichi inayozima himoglobini ya kitoto, ikawaka tena, mtu mzima akawa anatumia ile ile damu iliyomlinda akiwa mchanga. Herufi mbovu bado iko palepale, lakini haina nguvu ya kumuumiza kama mwanzo.

Lakini msidhani ni sindano moja mtu akapanda matatu akarudi Kisauni. Wanamtoa mgonjwa seli mama, zile zinazozaa damu, zinapelekwa maabara zinakatwa huko, inachukua miezi. Halafu yeye mwenyewe anapigwa kemo kali, zile dawa za saratani, ya kufagia uboho wa zamani ndani ya mifupa ili hizi mpya zipate nafasi, nywele zinaanguka, anakaa hospitali wiki kadhaa bila kinga, na hiyo kemo inaweza kumfanya asizae tena. Kwa msichana wa miaka kumi na mbili hilo sio jambo dogo la kusainiwa haraka haraka. Matokeo ni mazuri kweli, kati ya wagonjwa 31 waliofuatiliwa muda wa kutosha, 29 walimaliza angalau miezi 12 mfululizo bila kraisisi kali, yaani yale mashambulio ya maumivu. Victoria Gray, mama wa watoto wanne kutoka Mississippi, alikuwa wa kwanza Marekani kutibiwa siko seli kwa krispa mwaka 2019, na amesimama hadharani akieleza vile maisha yake yalivyobadilika.

Sasa turudi kwa yule mama wa astaghfirullah, kwa sababu hofu yake ina msingi, ila imeelekezwa pasipo pake.

Fikiria umenunua leso Biashara Street, jina limekosewa. Unaweza kuchukua sindano na uzi ukaishona ile herufi kwenye leso yako. Umesahihisha yako tu, za jirani ziko vile vile. Hiyo ndio Casgevy, wamegusa damu ya mgonjwa mmoja, mayai yake ama mbegu zake za uzazi hazijaguswa, na akizaa bado anaweza kumpa mtoto ile herufi ya siko. Njia ya pili ni kwenda kiwandani ukabadilisha chapa yenyewe. Hapo kila korija itakayotoka, mwaka huu na miaka mia ijayo, itatoka na ulichoandika wewe, hata kama ulichoandika ni kosa kubwa kuliko la mwanzo, na wale watakaozivaa hujawauliza hata mmoja. Hiyo ya kiwandani kwa binadamu ni kubadilisha jeni za kiinitete, yaani mtoto akiwa bado ni seli chache tu, na mabadiliko yanaingia kwenye kila seli yake pamoja na zile atakazozalia.

Na ishafanywa. Novemba 2018 mwanasayansi wa China anaitwa He Jiankui alitangaza kuzaliwa kwa mapacha wa kike aliowabadilisha jeni inayoitwa CCR5 ati wasishike HIV. Baba yao alikuwa na virusi, mama hakuwa navyo, na mbegu za baba zilikuwa zishasafishwa maabara, kwa hivyo watoto hawakuhitaji hilo jambo kabisa. Mabadiliko yenyewe hayakutoka sawa na yale ya kiasili aliyokuwa anaiga, na mtu asiye na hiyo CCR5 yuko kwenye hatari zaidi akipatwa na virusi vya West Nile. Desemba 2019 mahakama ilimfunga miaka mitatu na faini ya yuan milioni 3. Yeye alitoka jela, lakini wale wasichana wataishi na alichoandika mpaka mwisho.

Mie hapo niko wazi, naipinga, na sio kwa sababu sayansi inanitisha, naipinga kwa sababu ya historia ya hapa hapa pwani. Mbona siko seli imejaa kwetu na kule ziwani kuliko milimani? Daktari Anthony Allison, aliyekulia Kenya, alipima damu za watu sehemu mbalimbali za nchi mwaka 1949, akaona herufi ya siko iko kwa wingi pwani na kando ya Ziwa Victoria, kwenye nyanda za juu ni nadra. Mwaka 1954 akachapisha sababu, malaria. Mtu aliyerithi nakala moja tu ya siko, wale tunaowaita AS, malaria kali haimuangushi kirahisi. Yaani hiyo herufi tunayoiita kosa ndiyo iliyowavusha mababu zetu misimu ya mbu, na watoto wenye nakala mbili ndio wanaolipa gharama yake. Mtu mwenye mkasi angekuja miaka mia tano iliyopita akaifuta kwenye chapa akidhani anatusaidia, angetuua. Ni nani leo anajua kila herufi inalinda nini?

Na wazazi AS wawili wanaoogopa kupata mtoto wa SS, yaani mwenye nakala mbili, tayari kuna njia ya kupima viinitete maabara na kupandikiza kile kisicho na SS bila kubadilisha herufi yoyote. Ni ghali na ina maswali yake ya dini, lakini inaonyesha kwamba hiyo haraka ya kwenda kiwandani haina lazima. Kuna nchi zilizowahi kuamua nani anafaa kuzaliwa, jimbo la Indiana huko Marekani lilipitisha sheria ya kuwahasi watu kwa lazima mwaka 1907, na walijiita watu wa sayansi. Kosa liko kwenye herufi, mtoto wetu sio kosa, tafadhali tusichanganye.

Hata ile ya sindano na uzi ina makaburi yake. Mwaka 1999 kijana wa miaka 18, Jesse Gelsinger, alifariki siku chache baada ya kudungwa kirusi cha kubebea jeni kwenye utafiti Pennsylvania. Baadaye ikajulikana kwamba fomu ya ridhaa haikumwambia nyani waliofanyiwa majaribio kama hayo walikufa, na kiongozi wa utafiti alikuwa na hisa kwenye kampuni inayohusika. Kwa hivyo dadangu aliponiuliza, wakija na utafiti huku nisaini? nilimwambia usikimbie na usisaini siku hiyo hiyo. Uliza nani ashaumia, uliza kama mtoto ataweza kuzaa, uliza ni nani atamtibu kitu kikiharibika baada ya miaka kumi, na uliza ikifaulu itabaki hapa ama itapanda ndege.

Hilo la mwisho ndilo linaloniuma haswa. Bei iliyotangazwa ya Casgevy Marekani ni dola milioni 2.2 kwa mgonjwa mmoja, kwa shilingi zetu zaidi ya milioni 280. Nyingine ya siko seli iliyokubaliwa siku ile ile huko, Lyfgenia, ni dola milioni 3.1. Dadangu anauza viazi karai Likoni. Watoto wengi zaidi wa siko seli duniani wanazaliwa Afrika, damu zetu ndizo zilizofundisha wanasayansi huu ugonjwa, halafu dawa inatengenezwa kwa bei ambayo hata bima za huko zinalalamika, na sisi kuna siku tunafika dirishani tunaambiwa haidroksiyuria, ile dawa ya kupunguza kraisisi, imeisha, nendeni mkanunue. Wanaoogopa dhulma waiangalie hapa kwanza. Taasisi ya afya ya serikali ya Marekani na wakfu wa Gates walitangaza mwaka 2019 kwamba kila mmoja atatoa angalau dola milioni 100 kutafuta tiba za jeni za siko seli na HIV zinazoweza kutolewa nchi kama yetu, na wanaofanya hiyo kazi wanatafuta njia ya kurekebisha seli zikiwa ndani ya mwili, bila kemo, bila kusafirisha chochote. Hiyo ndiyo naifuatilia kwa makini.

Kwa sasa mvulana wetu ana miaka tisa, anakunywa maji kama samaki, folik asidi kila asubuhi, sweta anavaa hata watu wakimcheka Julai. Mdogo wake wa kike tulimpima mapema, ni AS. Nyuma ya kadi yake nimeandika hizo herufi mbili kwa wino mweusi, ili siku akija kuposwa asisahau kumuuliza huyo kijana yeye ni nini.