Kabla Barua ya Gigiri Haijaja: Kutayarisha Faili la Viza ya Kuhamia Marekani Ukiwa Nakuru

Wateja wengi huingia ofisini kwangu hapa Nakuru baada ya barua ya intavyuu kufika, na wanachotaka ni mazoezi ya maswali. Nawaelewa. Ni nani asiyetetemeka akiwaza lile dirisha la ubalozi? Lakini afisa atakayekuhoji kwenye ubalozi wa Marekani ulioko Gigiri, Nairobi, ana faili lako zima: DS-260, yaani fomu ya maombi ya viza uliyojaza wewe, I-130, yaani fomu ya kukuombea aliyojaza jamaa yako kule Marekani, na vyeti vyote mlivyopakia. Anataka kujua kama mtu aliye mbele yake ndiye yule wa kwenye karatasi. Karatasi zikigongana, ufasaha wa mdomo hauzipatanishi. Kwa hiyo tangu siku ile NVC, kituo cha viza cha Marekani kinachokusanya hati kabla ya ubalozi, wanapowaambia kwamba faili limekamilika, hata kama barua itachukua miezi mingi kuja, chukua kalamu ulisome faili lako upya.

Anza na majina. Kwetu mtu hubeba majina matatu au manne, na kila ofisi huandika yale iliyoyapata siku hiyo. Juzi nilikuwa na faili la mama mmoja wa Molo aliyeombewa viza na bintiye, raia wa Marekani. Cheti cha kuzaliwa cha binti kinamtaja mama kwa jina la babake mzazi. Kitambulisho na pasipoti ya mama vina jina la mume. Hapa kwetu hilo halimshangazi mtu yeyote, lakini afisa anaona wanawake wawili. Kinachosaidia hapo ni cheti cha ndoa kinachobeba majina yote mawili. Kama hakipo, hati ya kiapo iambatane na kitu cha zamani: kadi ya ubatizo, kadi ya kliniki, cheti cha kumaliza shule. Kiapo kisicho na kitu nyuma yake ni maneno yako tu yaliyopigwa muhuri.

Shuka pia hadi chini ya cheti cha kuzaliwa, usome tarehe ya usajili. Tuseme mtoto alizaliwa 1990 na kuandikishwa 2022, baada ya maombi ya viza kuanza. Usajili wa kuchelewa ni halali, na wengi wetu tuliozaliwa nyumbani tuliupitia. Ila afisa atauliza ni kipi kilichokuwepo kabla ya 2022. Tafuta hivyo vitu vya zamani sasa, wakati karani wa parokia bado ana nafasi ya kupekua vitabu. DNA nayo usikimbilie kujipimisha mwenyewe. Ubalozi ukiona haja utakuandikia, na sampuli huchukuliwa kwa utaratibu wao. Majibu uliyojitafutia hayatakubaliwa.

Kwenye ndoa, jambo ninalopambana nalo zaidi ni ndoa ya kimila. Mahari yalikwenda, wazee walikula, picha zipo, mnaishi kama mume na mke. Barua ya chifu haisimami badala ya cheti. Sheria ya Ndoa ya 2014 inaitambua ndoa ya kimila na inataka iandikishwe, na wawili wote wafike wenyewe mbele ya msajili. Kama mwenzako yuko Minnesota na atakuja Desemba kwa wiki mbili, panga jambo hilo liwe la kwanza kwenye ratiba yake. Na kama mmoja wenu aliwahi kuoa au kuolewa kabla, hukumu ya mwisho ya talaka au cheti cha kifo lazima iwe kwenye faili. Kuachana kwa kikao cha wazee hakumalizi ndoa iliyofungwa kanisani au kwa msajili.

Sasa watoto, na hapa naomba usome polepole, kwa sababu ndipo ninapoona familia zikilia. Mzazi aliyeombewa na mwanawe raia wa Marekani, yaani viza ya IR5, hawezi kubeba mtoto wake mdogo kwenye viza hiyo. Kitinda mimba wa miaka kumi anabaki. Mama akishaingia na kupata green card, yaani kibali cha ukaaji wa kudumu, ndipo anapoweza kumwombea yeye mwenyewe, na hapo kuna foleni yake. Hali ni hiyo hiyo kwa mke au mume wa raia: watoto wake wa awali kila mmoja anahitaji I-130 yake. Baba wa kambo anaweza kuwaombea, mradi ndoa ilifungwa kabla mtoto hajatimiza miaka 18. Mambo haya yanapaswa kujulikana mwanzoni. Kumwambia mama habari hizi akiwa ameshakata nauli ya Nairobi ni ukatili, na nimewaona mawakala wakilifanya.

Tena, mwandike kila mtoto kwenye DS-260, awe anasafiri au hasafiri, awe wa ndani ya ndoa au wa nje. Mtu humficha mtoto kwa aibu, kisha miaka baadaye anataka kumwombea, na rekodi inasema hakuwahi kuwa naye. Kusema uongo kuhusu jambo zito mbele ya afisa wa ubalozi kunaweza kukufungia mlango wa Marekani maisha yako yote. Aibu ya dakika moja dirishani ni nafuu mno.

Kuna wanaooa wakingoja. Kama umeombewa na mzazi mwenye green card na una zaidi ya miaka 21, kuolewa au kuoa kunayafuta maombi yenyewe. Ongea na mzazi na wakili kabla ya kupanga sherehe.

Cheti cha tabia njema ni rahisi: unaomba kwenye eCitizen na kupigwa alama za vidole Huduma Center, kila aliyetimiza miaka 16. Kama ulifanya kazi Qatar au Dubai mwaka mzima au zaidi, cha huko pia kinatakiwa, na hicho ndicho huchelewa.

Vipimo vya afya visubiri barua, na hufanywa na madaktari walioidhinishwa na ubalozi peke yao. Hata hivyo usivisukume hadi siku mbili za mwisho. Kuanzia miaka 15 utapigwa eksirei ya kifua, na wakiona dalili ya TB utatoa makohozi mara tatu, kisha majibu ya kuotesha vijidudu yanaweza kuchukua wiki nane. Uliwahi kutibiwa TB? Beba rekodi ya matibabu. Na wasomaji wangu wa Kisumu, Homa Bay na Siaya ambao huniuliza kwa sauti ya chini: virusi vya UKIMWI havimzuii mtu kupata viza ya uhamiaji tangu Januari 2010. Endelea na dawa zako, sema kweli.

Kuhusu udhamini, fomu ya I-864 inamtaka aliyekuombea awe na kipato kisichopungua asilimia 125 ya kiwango cha umaskini cha Marekani kwa ukubwa wa familia yake, wewe ukihesabiwa. Kipato chake kikipungua, mjomba tajiri wa Milimani hawezi kuwa mdhamini mwenza. Mdhamini mwenza lazima awe raia wa Marekani au mwenye green card anayeishi kule. Na kama kungoja kumevuka msimu wa kodi wa Aprili, mwambie aliyekuombea akutumie hesabu mpya za kodi.

Siku ikifika, lala Nairobi. Foleni ya Naivasha haijui una miadi. Beba vyeti halisi na nakala, simu iache ulikolala. Utainua mkono wa kulia uape, kisha maswali: nani amekuombea, anafanya kazi gani, mlikutana wapi, nani alikuja siku ya mahari. Usijibu kwa maneno ya kukariri. Usichokijua sema hukijui.

Ukipewa karatasi ya 221(g), yaani ya kusema viza haijatolewa kwa sasa, isome pale pale kabla hujatoka. Mara nyingi inataja hati moja iliyopungua. Peleka hiyo hiyo, kwa njia waliyoiandika, ubaki na nakala. Tiketi usinunue na kazi usiache hadi pasipoti yenye viza iwe mkononi mwako. Hapo angalia tarehe ya mwisho, ambayo kwa kawaida haizidi miezi sita na hufuata vipimo vya afya, kisha lipa ada ya dola 235 ya USCIS, idara ya uhamiaji ya Marekani, mtandaoni kabla ya kupanda ndege.