Mchikano si Mmeksiko, na si mtu wa genge

Hii ni mara ya nne kusikia neno Mchikano likitumiwa ovyo, na safari hii nilikuwa nimekaa mstari wa mbele. Kijana aliyepewa kazi ya kutambulisha filamu ya La Bamba alituambia imeongozwa na Luis Valdez, "mwongozaji maarufu wa Meksiko". Mtu wa nyuma akamrekebisha: si Mmeksiko huyo, ni Mlatino. Wa tatu akawarekebisha wote wawili, akasema hao ndio Wachikano, yaani wale wa magenge ya Los Angeles wenye tatuu shingoni. Watu wakacheka, taa zikazimwa, nami nikakaa na neno kooni mpaka filamu ikaisha.

Maana yenyewe naweza kuimaliza kwa pumzi moja. Mchikano ni Mmarekani mwenye asili ya Meksiko anayejiita Mchikano. Kihispania humtenga mwanamke, Chicana. Kiswahili hakina shida hiyo. Uzito wote uko kwenye kujiita. Mwandishi wa habari Rubén Salazar, katika safu yake ya gazeti la Los Angeles Times Februari 1970, alieleza kwamba Mchikano ni Mmarekani wa asili ya Meksiko asiyejitazama kwa kioo cha Wazungu. Miezi sita baadaye, tarehe 29 Agosti, siku ya maandamano makubwa ya Wachikano dhidi ya vita vya Vietnam, Salazar aliuawa kwa kombora la gesi ya machozi ambalo askari alilifyatua ndani ya baa alimokuwa ameketi. Kwa hiyo neno hili halikuwa mchezo wa wasomi.

Mmeksiko ni suala la pasipoti. Mlatino ni mwavuli: chini yake yuko Mkuba wa Miami, Mpuertoriko wa New York, Mmeksiko aliyeshuka jana na Mchikano ambaye babu wa babu yake alizaliwa Texas. Sensa ya Marekani ya 1980 iliwachanganya zaidi, ikaweka Mmeksiko, Mmarekani wa Meksiko na Chicano katika kisanduku kimoja cha kutia alama. Karani anataka hesabu tu, simlaumu sana. Ila anayesimama mbele ya watu na kipaza sauti mkononi hana udhuru wa karani.

Tena wapo ambao hawakuhamia popote. Mkataba wa Guadalupe Hidalgo, uliotiwa saini tarehe 2 Februari 1848, uliipokonya Meksiko karibu nusu ya nchi yake: California yote, Nevada, Utah, na sehemu kubwa ya maeneo ya jirani. Watu walilala Meksiko wakaamka Marekani. Wachikano wana msemo kwamba wao hawakuvuka mpaka, mpaka ndio uliowavuka wao. Kumwita mtu wa namna hiyo mhamiaji ni kumwita mwenye nyumba mpangaji kwa sababu hati imebadilishwa jina.

Sasa nije kwenye asili ya neno, na hapa naomba mnivumilie, maana ndipo raha yangu ilipo.

Watu waliotawala bonde la Meksiko kabla ya Wahispania kufika walijiita Mexica, na hiyo x ilitamkwa sh: Meshika. Wahispania wa karne ya 16 nao waliandika sauti ya sh kwa herufi x, kwa hiyo hapakuwa na ugomvi, waliandika walichosikia. Ugomvi ulikuja Kihispania chenyewe kilipogeuka. Sh yao ikarudi nyuma kinywani, ikarudi tena, mpaka ikawa kh, ile kh ya Khamis. Ndiyo maana mwenyeji leo anasema kitu kama Mekhiko na bado anaandika x. Waingereza wakaisoma x kwa desturi yao, ks, nasi tukaipokea kutoka kwao. Yaani sisi tunaojisifu kwamba tunaandika kama tunavyotamka, tumeandika kosa la mwenzetu kwa uaminifu mkubwa: Meksiko.

Wanavijiji wengi, hasa wasemaji wa Kinahuatl, lugha ya hao Mexica, waliendelea na sh yao. Meshikano. Ukiingia haraka ya mazungumzo silabi ya kwanza inadondoka, kama Abdallah anavyobaki Dulla: shikano. Kisha sh ikawa ch. Kwenye hatua hiyo ya mwisho wataalamu hubishana, lakini Kihispania cha Meksiko kinaipenda ch kama chumvi, hasa katika majina ya kubembelezana. Jesús huitwa Chuy, Rosario huitwa Chayo, Ignacio huitwa Nacho. Shikano kuwa chikano ni jambo la nyumbani kabisa. Haya ndiyo maelezo yanayokubaliwa na wengi, ingawa hakuna hati inayoyathibitisha hatua kwa hatua. Lipo pia la kubuni, kwamba neno ni jina la jimbo la Chihuahua huko Meksiko lililogandishwa na mexicano. Na lipo nililolisikia hapahapa kwetu, kwamba Chicano ni mtu wa Chicago. Mtu wa Chicago anaitwa mtu wa Chicago.

Kwenye maandishi, mahali pa mapema panapotajwa mara nyingi ni gazeti moja la Kihispania la Laredo, Texas, mwaka 1911. Kwa miaka mingi neno lilikuwa la dharau, na dharau yenyewe ilitoka ndani ya jamii. Mmeksiko aliyekwisha kutulia Marekani, mwenye kazi ya kueleweka na shati lililopigwa pasi, alimwita hivyo ndugu yake fukara aliyefika juzi na vumbi miguuni. Sisi tunaoambiana "acha Uswahili" ilhali wote ni Waswahili tusijifanye hatuelewi.

Vijana wa miaka ya 1960 wakaliokota tusi hilo, wakalikung'uta vumbi, wakalivaa kifuani. Machi 1969 walikutana Denver, na mwezi uliofuata wanafunzi na walimu walikaa Santa Barbara kuandika mpango wa masomo ya Wachikano vyuoni. Wazazi wengi walikereka, kwao lilibaki tusi. Mpaka leo wapo Wamarekani wengi wa asili ya Meksiko wasiotaka kuitwa hivyo, na haki yao. Kwa hiyo kosa la yule wa tatu, wa tatuu, lilikuwa mara mbili: alichukua jina ambalo watu hujipa wenyewe akawabandika wengine, tena akawabandika kwa maana ya polisi.

Luis Valdez alijipa. Ukifuata maisha yake unaliona neno likifanya kazi.

Alizaliwa tarehe 26 Juni 1940 Delano, California, si Meksiko, kwa wazazi waliokuwa vibarua wa mashambani wakihamahama kufuata mavuno. Mwenyewe husimulia kisa cha mwaka 1946, alipokuwa na miaka sita. Mfuko wa karatasi aliobebea chakula cha mchana ulipotea darasani. Kumbe mwalimu ameuchukua, ameuloweka kwa gundi na kuugeuza barakoa ya nyani kwa ajili ya mchezo wa shule. Mtoto akashangazwa na ufundi ule, akaomba sehemu katika mchezo, akapewa. Kabla siku ya onyesho haijafika familia yake ikafukuzwa kwenye kambi ya vibarua. Anasema lile pengo hakuacha kulijaza.

Chuo Kikuu cha San José alikwenda kwa ajili ya hesabu na fizikia, akamaliza na shahada ya Kiingereza mwaka 1964. Katika tamthilia yake ya kwanza ndefu, aliyoiandika akiwa bado mwanafunzi, yumo kijana aitwaye Domingo ambaye kwa kutaka kukubalika anageuka kuwa "Bwana Jumapili" wa Kiingereza, kwa sababu domingo ni Jumapili. Hajataja Uchikano popote, lakini umeshaona anakoelekea. Akakaa muda mfupi na kundi la San Francisco Mime Troupe, lililoigiza bure kwenye bustani za umma, ndipo Septemba 1965 mgomo wa wachuma zabibu ukazuka palepale alipozaliwa. Walioanza walikuwa vibarua Wafilipino wakiongozwa na Larry Itliong. Chama cha César Chávez na Dolores Huerta kikajiunga siku nane baadaye. Valdez akamwendea Chávez akiwa na wazo la kuunda kundi la maigizo. Pesa hazikuwepo, waigizaji hawakuwepo, jukwaa halikuwepo.

Kundi likaitwa El Teatro Campesino, na hapa nina kero nyingine ndogo. Campesino hutafsiriwa "mkulima", na msomaji wetu anamwona mzee mwenye ekari zake tatu za mahindi. Hawa hawakuwa na hata tuta. Mtu wa mashamba ya mkonge ya Tanga angewaita manamba, na angekuwa amewapatia kuliko kamusi.

Walichocheza kiliitwa acto: igizo la dakika kumi au kumi na tano, bila maandishi, juu ya bodi ya lori lililoegeshwa ukingoni mwa shamba ili waliobaki kazini waone. Valdez aliwavisha watu vibao shingoni, kimoja "mgomaji", kingine "msaliti wa mgomo", akawaambia wafanye kama walivyoona. Katika mojawapo mwajiri aliyevaa barakoa ya nguruwe anampa kibarua barakoa yake, mjeledi na sigara, wabadilishane kidogo kwa utani. Mpaka mwisho mwajiri analia anataka chama cha wafanyakazi. Acto haikutaka upige makofi urudi nyumbani. Ilikusudia kumcheka mkubwa, kuonyesha tatizo moja, na kudokeza njia ya kutoka. Machi 1966 wagomaji walipoandamana kwa miguu kutoka Delano hadi Sacramento, kundi liliigiza kila walipolala.

Mwaka 1967 Valdez alikitoka chama, akaandika igizo ambalo ningelifundisha kabla ya fasili yoyote ya neno hili: Los Vendidos. Jina linabeba "waliouzwa" na "waliojiuza" kwa pamoja. Katibu wa ofisi ya Gavana Reagan wa California anakwenda dukani kununua Mmeksiko mmoja wa mashine wa kupendezesha utawala. Anaitwa Jiménez, Khimenes, lakini anamsahihisha muuzaji: useme Jímenez, kwa J ya Kiingereza. Anaonyeshwa kibarua wa shamba, anamkataa kwa sababu hajui Kiingereza. Anaonyeshwa kijana wa mtaani mwenye kisu, yule wa tatuu wa rafiki yetu, anamkataa. Anaonyeshwa mwanamapinduzi wa sinema, anamkataa kwa kuwa ametengenezwa Meksiko, naye anataka wa Marekani. Wa mwisho ni Mmarekani wa asili ya Meksiko, suti na hotuba. Huyo ananunuliwa, na pesa zikishatolewa anamgeuka mnunuzi kwa Kihispania. Kisha linafunguka la mwisho: mashine alikuwa muuzaji, na "bidhaa" zote ni watu wanaogawana fedha. Mchikano hayupo kwenye orodha ya bidhaa. Mchikano ni yule aliyeandika orodha hiyo na kuicheka.

Baada ya hapo njia ikapanuka, nami nitapita haraka. Tamthilia yake Zoot Suit ilifunguliwa Los Angeles mwaka 1978 ikajaza watu kwa miezi mingi. Inahusu kesi ya vijana 22 walioshtakiwa kwa kifo kimoja mwaka 1942. 17 walitiwa hatiani, na hukumu zikatenguliwa Oktoba 1944. Mwaka 1979 ikawa tamthilia ya kwanza ya Mchikano kufika Broadway, wahakiki wa New York wakaikata, ikafungwa baada ya wiki chache. La Bamba ikafuata 1987, juu ya mwanamuziki Ritchie Valens, aliyezaliwa Valenzuela. Na msidhani Valdez alikuwa mtakatifu wa utambulisho: mwaka 1992, alipotaka kumpa mwigizaji wa asili ya Kiitaliano nafasi ya mchoraji wa Meksiko Frida Kahlo katika filamu, wasanii Walatino walimwandama mpaka mradi ukafa. Neno alilolieneza lilirudi likamdai.

Kufundisha hakuacha. Alikuwa miongoni mwa walimu waanzilishi wa Chuo Kikuu cha Jimbo la California, Monterey Bay, kilichofunguliwa 1995, na kundi lake bado liko San Juan Bautista, katika ghala lililokuwa la kufungashia mazao. Nishani ya Taifa ya Sanaa alivalishwa na Rais Obama mwaka 2016. Wala hakuwa peke yake darasani: Jorge Huerta, mwongozaji aliyeanzisha kundi la Teatro de la Esperanza huko Santa Barbara mwaka 1971, alifundisha miaka mingi Chuo Kikuu cha California, San Diego, na vitabu vyake ndivyo vilivyoifanya tamthilia ya Kichikano iwe somo. Nayo si tamthilia ya Kihispania. Ndani yake utasikia Kihispania, Kiingereza na lugha ya vijiweni katika sentensi moja, na mtazamaji aliyekosa mojawapo anakosa kicheko.

Basi, mdogo wangu uliyeshika kipaza sauti, hukukosea sana na sikukukatiza mbele za watu. Siku nyingine sema hivi: Luis Valdez, mzaliwa wa Delano, California, mwandishi na mwongozaji Mchikano. Na ukiliona limeandikwa Chicano, tamka ka, si sa. Akitokea mtu wa nyuma kukurekebisha, mwache amalize, kisha mwulize kama anajua kwa nini Jesús anaitwa Chuy.