Fluksi ya umeme na ya sumaku: yanayosemwa darasani na yalivyo hasa

Wanafunzi wa S5 na S6, miaka miwili ya mwisho ya sekondari, hukariri fomula ya fluksi upesi, kisha hukwama kwenye swali la kwanza. Kisa chake ni kuichukulia fluksi kana kwamba ni mali ya sumaku au ya chaji, ilhali fluksi ni hesabu ya kiasi cha uga (athari ya sumaku au ya chaji iliyoenea mahali) unaopita kwenye uso fulani uliouchagua. Usipotaja uso, huna fluksi ya kuzungumzia.

"Fluksi ni kitu kinachotiririka."
Hakuna kinachotiririka. Mistari tunayochora kwenye sumaku ni michoro tu ya kuonyesha uga unaelekea wapi na una nguvu kiasi gani. Haina idadi maalumu, na kati ya mstari na mstari uga bado upo. Unga wa chuma hujipanga mistari juu ya karatasi kwa sababu kila punje hugeuka sumaku ndogo na kushikana na jirani yake ncha kwa ncha.

"Pembe ya kwenye fomula ni ile kati ya uga na bapa la koili."
Hili ndilo kosa linalokula alama nyingi kuliko yote. Fluksi ni uga mara eneo mara kosaini ya pembe, lakini pembe hiyo hupimwa kuanzia mshale unaosimama pembemraba juu ya uso. Tuseme koili (waya uliozungushwa) ina eneo la mita mraba 0.02, uga ni tesla 0.4 (tesla ni kipimo cha uga wa sumaku), na bapa la koili limeachana na uga kwa digrii 30. Pembe ya kutumia ni 60, na fluksi ni weba 0.004 (weba ni kipimo cha fluksi ya sumaku). Ukitumia 30 utapata 0.0069, jibu lililozidi kwa zaidi ya asilimia 70. Kabla ya kushika kalkuleta, chora uso ukiutazama kwa ubavu, simamisha mshale wake, ndipo upime.

Uga wa dunia unalionyesha jambo hili vizuri ukiwa Kampala. Hapo una karibu mikrotesla 33, na umelala sana: umeinama digrii 20 hivi tu kutoka mlalo, tena ncha ya kaskazini ya sindano ya dira iliyo huru huinuka juu badala ya kuzama, kwa kuwa Kampala iko kusini ya ikweta ya sumaku, yaani mstari ambako uga wa dunia hulala mlalo kabisa. Kwa hiyo dirisha la mita mraba 1.2 linalotazama kaskazini hupitiwa na mikroweba 37 hivi, na meza yenye eneo hilohilo haifikishi 14. Vitabu vilivyoandikwa Uingereza huchora uga ukizama ardhini kwa mwinamo mkali. Kwao ni sahihi. Ukiuhamishia hapa utakosea.

"Koili ya mizunguko 200 ina fluksi mara 200."
Fluksi ya kila mzunguko ni ileile. Kinachozidishwa kwa 200 ni volti inayozalishwa fluksi inapobadilika, kwa kuwa mizunguko imeungwa mmoja baada ya mwingine.

"Fluksi ikiwa kubwa, volti nayo ni kubwa."
Alichogundua Faraday mwaka 1831 ni kwamba volti hutokana na fluksi inayobadilika. Ukubwa wake peke yake hauzalishi chochote. Chukua koili ya mizunguko 200 yenye eneo la mita mraba 0.01, izungushe mara 50 kwa sekunde ndani ya uga wa tesla 0.05. Fluksi ya juu kabisa ni weba 0.0005, na wakati huohuo volti ni sifuri. Robo mzunguko baadaye fluksi ni sifuri, na volti imefika kilele: 31 hivi. Sababu iko kwenye kosaini. Ukigeuza koili digrii 10 kutoka kileleni, fluksi hupungua asilimia 1.5 tu, ukiigeuza digrii 10 kutoka sifuri, hupanda asilimia 17 ya kiwango cha juu. Jenereta za kituo cha umeme cha Nalubaale pale Jinja hufuata kanuni hiyohiyo, ila kule sumaku-umeme ndizo zinazozunguka na koili zimetulia.

Ndiyo maana transfoma haifanyi kazi kwa betri. Mtu akiunga betri ya pikipiki ya volti 12 kwenye upande wa volti 12 wa transfoma ndogo ya redio, akitarajia 240 upande wa pili, atapata mshtuko mmoja wa volti wakati wa kuunga, kisha kimya, kwa sababu fluksi imetulia. Waya wenyewe ukiwa na omu 1, mkondo utakuwa ampea 12, na baada ya muda mfupi moshi utatoka. Hatari zaidi ni wakati wa kuchomoa: fluksi huporomoka ghafla, na upande wa volti 240, wenye waya mwembamba, unaweza kutoa mamia ya volti. Usiushike.

"Boksi kubwa kuzunguka chaji lina fluksi kubwa."
Chaji ya mikrokulombi 1 iliyo katikati ya tufe la rediasi sentimita 10 hutoa uga wa volti 900,000 kwa mita kwenye uso wake, na fluksi ni kama volti-mita 113,000. Ongeza rediasi mara mbili: eneo huwa mara nne, uga huwa robo, fluksi haibadiliki. Hata umbo likiwa la debe au la boga, jibu ni chaji iliyo ndani gawanya kwa namba thabiti ya umeme ya ombwe, 8.85 × 10⁻¹².

"Fluksi sifuri maana yake hakuna uga."
Weka chaji za mikrokulombi +3 na −3 ndani ya boksi moja. Jumla ya fluksi ni sifuri, lakini kati ya chaji hizo uga ni mkali. Kinachotoka upande mmoja kimerudi upande mwingine, basi.

Kwa sumaku, uso wowote uliofungika hutoa fluksi sifuri, siku zote. Hata ukikata sumaku vipande viwili kwa msumeno ili ufungie ncha ya kaskazini peke yake, kila kipande kitabaki na kaskazini na kusini yake.